Tokyo hadi Kyoto na kundi la kuongozwa: pesa yako iende Hakone

#1 BintiTanga

Wanajukwaa, habari za majukumu.

Kila baada ya muda humu anatokea mtu anauliza kuhusu Japani, na majibu ni yale yale: kata tiketi ya treni, zunguka mwenyewe, makundi ni ya wazee. Mimi nimekwenda na mama yangu mzazi. Tulichukua safari fupi ya kuongozwa kutoka Tokyo hadi Kyoto kupitia Hakone, kwa kulala usiku mmoja njiani. Nimeona niandike kwa kirefu maana watu wengi wanalipia kundi mahali ambapo hawalihitaji, halafu pale linapohitajika wanahangaika peke yao.

Msimamo wangu nauweka mapema ili tujadili vizuri. Ukiwa Tokyo, kundi si lazima. Kyoto pia si lazima sana. Kipande cha katikati, yaani Hakone na eneo la mlima Fuji, ndicho kinachostahili pesa ya kiongozi wa msafara.

Sababu ni hii. Tokyo na Kyoto zimeunganishwa na shinkansen, ile treni ya kasi, tangu Oktoba 1, 1964, siku chache kabla ya Olimpiki ya Tokyo. Ukipanda Nozomi, ile ya haraka kuliko zote, unafika kwa saa mbili na robo hivi, vibao vina herufi tunazosoma, treni inaondoka kwa dakika iliyoandikwa. Hapo kiongozi anakusaidia nini? Hakone ni milima. Kuizunguka unapanda treni ndogo inayokwea mlima kwa kwenda mbele na kurudi kinyumenyume, kisha behewa linalovutwa kwa kamba, kisha vibanda vinavyoning'inia kwenye waya juu ya bonde, kisha meli ya ziwa Ashi, kisha basi. Kimoja kikisimama kwa upepo au kwa gesi ya volkano, mpango wote wa siku umevurugika. Ukiwa na kundi, kuna mtu kazi yake ni kujua hilo kabla yako, na kuna basi lenu linalosubiri upande wa pili.

Sasa niwaambie kilichotutokea, kwa sababu ndicho kilichonifanya niwe na msimamo huu. Mama ana pumu. Tukiwa bado njiani, kiongozi wetu, mama wa makamo mwenye kibendera cha njano, alipita kiti kwa kiti akiuliza nani ana pumu, nani ana ugonjwa wa moyo, nani mjamzito. Kule Owakudani, ambako vibanda vinapita, gesi ya volkano inatoka ardhini mpaka leo. Mwaka 2015 walilifunga eneo zima baada ya mlima kuchafuka. Mimi nilikuwa sijasema kitu na wala sikujua kama ni suala la kusema. Akaongea na dereva. Wenzetu waliposhuka kwenda kupanda vibanda, sisi wawili tulibaki ndani ya basi, tukateremshwa ziwani Hakone-machi, na kiongozi akawa ameshatuandikia kwenye karatasi saa ambayo meli ya wenzetu ingetia nanga, na gati lenyewe.

Hapo ndipo tulipoingia Sekisho, sehemu ambayo peke yangu ningeipita. Ni kizuizi cha ukaguzi kilichowekwa na serikali ya Tokugawa, watawala wa kijeshi wa enzi zile, mwaka 1619 kwenye barabara ya Tokaido, ile ya zamani iliyounganisha Edo, ambayo ndiyo Tokyo ya leo, na Kyoto, ikiwa na vituo 53 vya kupumzikia. Majengo yamejengwa upya kwa mbao na yana sanamu za askari na wasafiri. Waliowakagua hasa ni wanawake wanaotoka Edo. Wake wa mabwana wakubwa walilazimishwa kuishi Edo ili waume zao wasiasi, kwa hiyo mwanamke anayetoroka alikuwa dalili kwamba kwao kunapangwa jambo. Alikuwepo mama maalumu wa kuwakagua, anawafumua nywele na kuzichambua kwa vidole. Mama yangu alisimama pale muda mrefu, akasema, "Kumbe hawa waliwekwa rehani." Akataka kujua waliruhusiwa kuona watoto wao mara ngapi. Sikuwa na jibu, lakini kiongozi alipofika akamweleza kwamba watoto nao waliwekwa huko huko Edo pamoja na mama zao, na anayezunguka kwenda na kurudi ni baba.

Wenzetu walikuja kwa meli na mayai ya Owakudani. Yanachemshwa kwenye maji ya volkano mpaka ganda linakuwa jeusi kama mkaa. Ndani ni yai la kawaida kabisa, jeupe. Wenyeji wanasema ukila moja umeongeza miaka saba. Mama mmoja wa Kimalaysia alimmenyea mama yangu la kwake bila kuombwa, wakakaa kwenye benchi wakila, mmoja Kiingereza chake cha shida na mwingine hana kabisa.

Usiku tulilala ryokan, zile nyumba za wageni za kizamani zenye mikeka. Asubuhi tukashuka kituo cha Odawara tukapanda shinkansen hadi Kyoto, na kundi likaishia kituoni pale. Kwaherini, kila mtu na njia yake. Na ndivyo ninavyowashauri: chukueni safari inayoishia Kyoto, si ile inayowarudisha Tokyo.

Nawasilisha. Mwenye swali aulize.

#2 Mzee_wa_Reli

Dada umeandika vizuri, na shikamoo zangu zimfikie mama. Naongezea upande wa treni kwa sababu hapo ndipo pesa inapopotea.

Kwanza, Nozomi haisimami Odawara. Pale zinasimama Kodama, ambazo zinasimama kila kituo, na Hikari chache. Kwa hiyo kwenye ratiba ya kundi angalieni imeandikwa treni gani. Hikari kutoka Odawara ni kama saa mbili mpaka Kyoto, Kodama ni zaidi ya saa tatu. Kampuni inayobana matumizi itakupandisha Kodama na haitakwambia.

Pili, mizigo. Sanduku ambalo urefu, upana na kina chake vikijumlishwa vinazidi sentimita 160 linahitaji kiti maalumu cha nyuma ya behewa, unakibuku wakati wa kukata tiketi na huongezewi bei. Ukiingia nalo bila kubuku wanakutoza yeni 1,000. Masanduku yetu ya safari ndefu karibu yote yanavuka hapo.

Tatu, ile pasi ya JR, yaani reli za Japani, ambayo kila mtu anaitaja. Oktoba 2023 ya siku saba ilipanda kutoka yeni 29,650 hadi 50,000. Tokyo hadi Kyoto kwa tiketi ya kawaida ni karibu yeni 14,000. Piga hesabu mwenyewe: hata ukienda na kurudi hujafika hata 30,000. Na ukiwa na pasi, Nozomi unaongeza pesa tena. Ushauri wa "nunua pasi" ni wa zamani, watu wanaunakili tu.

Nne, kiti. Ukitoka Tokyo kwenda Kyoto, Fuji uko kulia. Omba kiti E kwenye behewa la kawaida. Ukiondoka Tokyo, baada ya dakika arobaini hivi weka simu tayari, karibu na kituo cha Shin-Fuji. Na iwe mchana. Desemba kule jua linazama saa kumi na nusu jioni, kwa hiyo safari za kundi zinazoondoka Odawara jioni hazitakuonyesha chochote dirishani.

#3 Msomi_Nagoya

Nipo Nagoya kimasomo, na naomba nipinge kwa heshima.

Hakone si ngumu hivyo. Kampuni ya reli ya Odakyu inauza tiketi moja inaitwa Hakone Freepass. Inaingia treni ndogo, behewa la kamba, vibanda, meli na mabasi karibu yote. Ukitoka kituo cha Shinjuku, Tokyo, na treni yao ya Romancecar, kama saa moja na nusu uko Hakone-Yumoto. Kutoka hapo mzunguko wenyewe umechorwa kwenye ramani, unafuata watu. Gesi ikizidi wanatangaza na wanaweka mabasi badala ya vibanda. Wanafunzi wa kwetu tunaenda kila likizo.

Tatizo langu na makundi ni muda. Unashushwa, "dakika ishirini, tukutane hapa," na katika hizo ishirini kuna foleni ya choo. Lile lango jekundu la hekalu la Hakone lililosimama ndani ya maji, foleni ya kupiga picha tu inaweza kumaliza muda wote mliopewa. Halafu kuna kule kupelekwa kwenye duka la zawadi ambalo hukuliomba. Na mlima Fuji hauna miadi na mtu. Wakati wa kiangazi unaweza kukaa umejificha mawinguni siku nzima. Mtu huru anasubiri kesho. Mtu wa kundi keshaondoka.

#4 BintiTanga

Kaka Msomi, hoja yako ya muda naikubali, na ndiyo maana sipendi zile za kwenda na kurudi siku moja. Lakini tazama unavyoanza: "unafuata watu." Wewe unasoma vibao vyao, una marafiki wa kuwapigia, na magoti yako yanapanda ngazi. Mimi nilikuwa na mtu mzima mwenye pumu ambaye hawezi kusimama foleni nne za usafiri kwa siku. Tangazo la gesi linasema kweli, ila ukiwa umeshalisikia pale kituoni juu, na wewe ndiye mwenye mgonjwa, unashuka kwa njia gani? Hapo ndipo nilipoona thamani ya yule mama wa kibendera.

Na kuna kitu Freepass haikupi: maelezo. Ningesimama mbele ya Sekisho nikaona nyumba ya mbao. Basi.

Kuhusu kiongozi, ulizeni kabla ya kulipa kama ana leseni ya taifa. Japani ina mtihani wa serikali wa waongozaji tangu 1949 na ni mgumu, unapima historia, jiografia na lugha. Mwaka 2018 sheria ililegezwa, sasa hata asiye na leseni anaruhusiwa kuongoza kwa malipo. Si kwamba wasio na leseni ni wabaya wote, ila bei ikiwa ile ile, kwa nini usimchukue aliyesomea?

#5 Wambui_Thika

Dadangu BintiTanga, asante sana kwa hii. Mimi nasafiri peke yangu mwezi wa kumi na moja. Niko na maswali mawili tu. Kundi linakubali mtu mmoja ama ni lazima muwe wawili? Na hiyo kuoga pamoja kwa ryokan, kweli ni lazima? Nimesoma nikashtuka.

#6 BintiTanga

Wambui karibu. Wanakubali mtu mmoja, ila kwa safari ya kulala kuna nyongeza ya chumba cha peke yako, na kwenye baadhi ya matangazo bei kubwa ya mbele imeandikwa kwa hesabu ya wawili chumba kimoja. Soma mpaka chini. Safari nyingine hazianzi kama watu hawajafika idadi fulani, kwa hiyo uliza kama tarehe yako imeshathibitishwa.

Bafu si lazima hata kidogo. Zile chemchemi za moto, onsen, wanawake na wanaume wanatenganishwa, lakini ndani mnaingia bila nguo yoyote, hata ya kuogelea hairuhusiwi. Unaoga kwanza kwa sabuni ukiwa umekaa kwenye kigoda, unajisuuza vizuri, ndiyo unaingia kwenye maji kutulia. Nywele zisiguse maji, taulo dogo nalo lisiguse. Mwenye tatuu sehemu nyingi wanamzuia.

Sisi tulilipia bafu la faragha, wanaliita kashikiri. Unapewa ufunguo na muda wako, mnajifungia. Mama aliingia na kanga yake mkononi mpaka mlangoni, akaitundika, akakaa kwenye yale maji mpaka simu ya mapokezi ikatukumbusha kwamba muda umekwisha. Magoti yake usiku ule hayakumsumbua. Uliza kama nyumba yenu ina bafu la namna hiyo, na libuku mapema siku ile ile unayofika, maana yanajaa.

Kitu kingine cha ryokan: ile joho ya pamba wanayokupa, yukata, upande wa kushoto unalala juu ya wa kulia. Kinyume chake ndivyo wanavyovishwa maiti. Na kitanda ni godoro juu ya mkeka. Kama una mzee, omba chumba chenye vitanda, vipo.

#7 Ustadh_Kisauni

Assalaam alaykum jamaa wa jukwaa. Nilikuwa nasubiri mtu afike kwenye chakula, sijaona.

Waislamu wenzangu, kwenye safari ya kundi chakula kinapangwa mapema na ndiyo sehemu ya kuwa macho. Nguruwe unaweza kumwona ukamwepuka. Kisichoonekana ni pombe ya kupikia. Sake, pombe ya mchele, na mirin, pombe tamu ya kupikia, zinaingia kwenye michuzi mingi, hata samaki wa kuchoma anaweza kuwa amepakwa. Supu ya rameni, zile tambi zao, mara nyingi ni mifupa ya nguruwe. Ukiwaambia "sili nguruwe" tu, watakuletea kuku mwenye mirin kwa moyo mweupe kabisa, wakiamini wamekufanyia wema.

Sema mapema, siku kadhaa kabla, kwa maandishi: hakuna nguruwe, hakuna pombe hata ya kupikia, samaki na mboga sawa. Muombe mtu akuandikie kadi ya Kijapani yenye maneno hayo uiweke kwenye pochi. Ryokan hasa, chakula cha jioni ni mlolongo wa visahani vingi vilivyopangwa tangu asubuhi. Ukiwaambia ukiwa umeshakaa mezani hawana la kufanya.

Tokyo kuna Tokyo Camii, msikiti mkubwa wa mtindo wa Kituruki, jengo la sasa lilifunguliwa 2000, uko hatua chache kutoka kituo cha Yoyogi-Uehara. Kyoto nako kuna msikiti, mdogo, karibu na bustani ya ikulu ya zamani. Njiani Hakone, kusanya Adhuhuri na Alasiri, wewe ni msafiri. Na vyoo vyao vina maji ya kujisafishia karibu kila mahali, hilo limetuondolea shida kubwa sana.

#8 BintiTanga

Wa alaykum salaam Ustadh. Ni kweli tupu. Sisi tuliandika tangu tunabuku, na bado kiongozi alipiga simu tena ryokan mbele yetu kuhakikisha. Tukaletewa samaki wa chumvi, tofu, uyoga, tempura na wali. Mchuzi wa kuchovya walitengeneza mwingine wa soya na limau. Mama alikula akaacha visahani vitupu.

Bahashishi kule hawapokei. Nilitaka kumpa kiongozi kitu tulipoagana Kyoto, akakataa kwa mikono miwili, ameinama. Ila zawadi anapokea. Tulikuwa na pakiti ya majani ya chai ya Usambara kwenye begi, aliishika kwa mikono miwili akauliza inapikwaje. Mama akamweleza habari ya maziwa na tangawizi, nami natafsiri.

#9 Gari_Kariakoo

Wakuu mimi naenda Yokohama kwa shughuli za magari, wengi mnajua minada ilivyo. Kazi ikiisha nina siku mbili kabla ya kurudi na sitaki kukaa hotelini. Hii ya kundi inanifaa au nipande treni tu niende Kyoto nikapige picha nirudi?

#10 Mama_Kibosho

Mdogo wangu, hilo la kwenda Kyoto na kurudi siku moja nakusihi usilifanye. Mimi na mume wangu tulichukua safari ya kuongozwa ya namna hiyo, kampuni siitaji. Tokyo asubuhi na mapema, shinkansen, basi kituo cha Kyoto, halafu tukaanza kukimbizwa. Kinkaku-ji, lile banda la dhahabu, tulizunguka bwawa kwenye msururu wa watu bila kusimama. Ni jengo la 1955 kwa maana la zamani lilichomwa moto 1950 na mtawa kijana, kisa kizito kabisa, lakini kiongozi alikisimulia akiwa anatembea mbele kwa kasi na sisi wa nyuma hatukusikia nusu yake. Hekalu la Kiyomizu-dera tulifika jua limezidi, ile roshani kubwa ya mbao imejaa mpaka huoni sakafu. Jioni treni, usiku Tokyo. Miguu imevimba na picha zote zina migongo ya watu.

Kyoto ilikuwa makao ya wafalme wao kuanzia 794 mpaka karne ya 19. Haimalizwi kati ya chakula cha mchana na treni ya jioni. Lala pale.

#11 Msomi_Nagoya

Gari_Kariakoo, hapa naungana na BintiTanga. Kwa mtu wa siku mbili, asiyejua njia, safari ya kundi ya kwenda upande mmoja inakufaa kuliko ninavyosafiri mimi hapa. Siku ya kwanza Fuji na Hakone, unamalizia Kyoto. Siku ya pili Kyoto mwenyewe.

Ila badili tiketi yako ya ndege kama inawezekana. Ingia kwa Narita au Haneda, viwanja vya Tokyo, toka kwa uwanja wa Kansai ulioko Osaka. Ndege za Dubai zinatua viwanja vyote hivyo. Kutoka kituo cha Kyoto kuna treni ya moja kwa moja mpaka Kansai, inaitwa Haruka, kama saa moja na dakika ishirini. Ukirudi Tokyo kupanda ndege unalipa tena zile yeni 14,000 bila sababu.

Masanduku usiyabebe Hakone. Mapokezi ya hoteli yoyote watakujazia fomu ya takkyubin, huduma ya kusafirisha mizigo, unalipa kama yeni elfu mbili mpaka tatu na kitu kwa sanduku, na linafika hoteli ya Kyoto kesho yake. Wewe unabaki na begi dogo la usiku mmoja. Mtu wa magari unaweza kuwa na vipuri, hivyo vipime kwanza, uzito una kikomo.

Bado nashikilia kwamba vijana wenzangu wenye afya na muda waende wenyewe.

#12 Gari_Kariakoo

Shukrani sana mkuu, na wewe mama Kibosho. Na Kyoto yenyewe nikiwa peke yangu niianzie wapi?

#13 BintiTanga

Anza hekalu la Fushimi Inari, alfajiri. Haifungwi na haina kiingilio. Ni maelfu ya malango mekundu yanayopanda mlima, na kila lango nyuma limeandikwa jina la aliyelitoa na tarehe. Wengi ni wafanyabiashara, kwa sababu Inari ni mungu wao wanayemwomba mavuno na biashara njema, kwa hiyo unatembea chini ya majina ya maduka na viwanda. Wewe wa Kariakoo utapaona pana maana. Saa kumi na mbili na nusu asubuhi tulikuwa na wenyeji wachache wanaofanya mazoezi na paka mmoja. Tulipokuwa tunashuka ndipo makundi yalikuwa yanapanda, vibendera vya kila rangi. Mama hakufika juu, aliishia mahali njia inapogawanyika, na hapo panatosha.

Baada ya hapo kasri ya Nijo, iliyojengwa 1603, ambayo sakafu zake zinalia ukizikanyaga. Gion, mtaa wa kale wa geisha, tembea barabara kuu jioni, ila usiingie vichochoro vya watu binafsi. Tangu 2024 wameweka vibao vya kuzuia wageni na faini ni yeni 10,000, kwa sababu watu wenye kamera walikuwa wanawakimbiza geisha, wale wanawake wa sanaa za jadi, mpaka milangoni.

Na mkikuta mahali pameandikwa "nunua pasi ya basi ya siku moja Kyoto," hiyo imeondolewa kwa sababu mabasi yalijaa wageni mpaka wenyeji wakashindwa kwenda kazini. Iliyopo ni ya basi pamoja na treni ya chini, yeni 1,100. Sisi tulitumia treni zaidi.

#14 Wambui_Thika

Swali la mwisho naahidi. Viza wanaangalia nini? Na nilipe kundi kabla ama baada?

#15 Mzee_wa_Reli

Kenya na Tanzania wote tunahitaji viza kabla ya kuondoka. Pamoja na fomu na ushahidi wa fedha, ubalozi unataka ratiba ya siku kwa siku: tarehe, utakuwa wapi, utalala wapi. Hapo ndipo safari ya kundi inakusaidia, ratiba yake imekamilika na ina majina ya hoteli. Lakini buku ile inayokubali kufutwa na kurudishiwa pesa. Usilipe pesa isiyorudi wakati pasipoti yako bado iko kwao.

Na mwezi wa kumi na moja, dada, mwisho wake ndio majani ya Kyoto yanageuka mekundu, hoteli zinapanda bei na zinajaa. Buku kitanda cha Kyoto leo, hata kabla ya kundi.

#16 Wambui_Thika

Nimebuku ya Kyoto sasa hivi, yenye kufuta bure. Kundi nimepata la usiku mmoja Hakone linaishia Kyoto, chumba cha peke yangu, na wameandika treni ni Hikari. Nimewatumia barua kuuliza leseni ya kiongozi na bafu la kashikiri. Wakijibu nitaweka hapa.